Jirani amezungushia ukuta ardhi ya serikali: mimi nina haki gani?

SWALI: Nyuma ya ploti zetu hapa Kisauni kuna barabara ya mita tisa inayoonekana kwenye ramani ya upimaji. Jirani yetu alianza kwa kupanda michongoma, kisha akajenga ukuta, na sasa ameweka kibanda cha duka na choo cha shimo. Tumebakiwa na kichochoro ambacho boza la maji halipiti, wala gari la wagonjwa. Tulipomwendea pamoja na wazee wa mtaa, alisema kwamba amekaa hapo tangu 2009, miaka kumi na miwili imekwisha pita, hivyo ardhi ni yake. Polisi walisema hilo ni jambo la madai. Ofisini tuliulizwa: "Kwani ardhi ni yenu?" Si yetu, ni ya serikali. Je, kwa kuwa si yetu, hatuna la kufanya? — Msomaji, Kisauni, Mombasa

JIBU: Swali mliloulizwa ofisini ni la nusu. Mwenye ardhi ni mmoja tu kati ya watu wanaoweza kudai. Sheria humsikiliza pia aliyezibiwa njia, aliyemwagiwa uchafu, na hata mwananchi ambaye hakupoteza kitu ila kile ambacho umma wote umekipoteza. Kwa hiyo, kabla ya kuuliza mshtaki wapi, ulizaneni kwanza ni nini hasa ambacho kila mmoja wenu amepoteza, kwa sababu hicho ndicho kitakachoamua mwende ofisi gani, kwa sheria gani, na mkadai nini.

Hoja ya miaka kumi na miwili inasikika mitaani kila siku, nayo ina ukweli wake mahali pake. Kifungu cha 7 cha Sheria ya Ukomo wa Mashtaka, Sura ya 22, humzuia mwenye ardhi kuidai baada ya miaka 12 kupita, na kifungu cha 38 humruhusu aliyeikalia muda huo kwenda mahakamani kuomba aandikishwe kuwa mmiliki. Hayo ni ya ardhi ya mtu binafsi. Kifungu cha 41 cha sheria hiyohiyo kinasema kwamba hakuna anayeweza kwa njia hiyo kujipatia umiliki, wala hata haki ya kupita, juu ya ardhi ya serikali. Jirani yenu akae miaka 12 au 50, hesabu yake haianzi. Ila kifungu hicho hakichagui mtu, nanyi pia kinawahusu: msiende mahakamani kusema kwamba mmepita pale miaka ishirini na hivyo mmepata haki ya njia kwa mazoea, kama ambavyo kifungu cha 32 kingewaruhusu kusema dhidi ya jirani mwenye ardhi yake. Haki yenu ya kupita hapo inatokana na barabara yenyewe kuwekwa kwenye ramani kwa ajili ya wote, wala si kwa sababu miguu yenu imeizoea.

Ndiyo maana kazi ya kwanza ni karatasi. Chukueni nakala iliyothibitishwa ya ramani ya upimaji, pamoja na matokeo ya upekuzi rasmi katika sajili ya ardhi, ili ijulikane kama kipande hicho kimeandikwa kwa jina la mtu yeyote au bado ni barabara ya umma. Ofisi ikiwazungusha, andikeni ombi chini ya Sheria ya Upatikanaji wa Habari ya 2016, ambayo inaitaka ofisi ya umma ijibu ndani ya siku 21. Isipojibu, lalamikeni kwa Tume ya Haki ya Utawala, ile inayoitwa ofisi ya Ombudsman. Nimeona mashauri mengi ya aina hii yakianguka kwa sababu wadai walifika mbele ya jaji na hasira ya haki lakini bila ramani, na jaji hawezi kufungua barabara ambayo hakuonyeshwa ilipo.

Ikiwa ukuta huo umegusa pia ploti ya mmoja wenu, basi hilo ni jambo jingine na lina njia yake. Kifungu cha 18 cha Sheria ya Usajili wa Ardhi ya 2012 kinaikataza mahakama kusikiliza mgogoro wa mpaka wa ardhi iliyosajiliwa kabla Msajili wa Ardhi hajauamua mpaka huo. Mwandikieni Msajili, naye atawaita wahusika wote na kufika na mpima ardhi kutafuta mawe ya mipaka. Wanaoruka hatua hii hurudishwa nyuma, wakiwa wamekwisha mlipa wakili.

Kuhusu barabara yenyewe, mlalamikiwa wa kwanza ni jirani, lakini mwenye wajibu wa kwanza ni kaunti. Chini ya Sheria ya Mipango ya Matumizi ya Ardhi ya 2019, hakuna anayeruhusiwa kujenga bila kibali cha kaunti, na kifungu cha 72 kinaipa kaunti uwezo wa kumwandikia aliyejenga kinyume cha sheria ilani ya kumtaka abomoe au arudishe mahali kama palivyokuwa. Aliyepewa ilani akiona ameonewa, ana siku 14 za kukata rufaa kwa kamati ya uratibu ya kaunti, na kutoka hapo anaweza kwenda Mahakama ya Mazingira na Ardhi. Pelekeni malalamiko yenu kwa maandishi, na nakala kwa Tume ya Kitaifa ya Ardhi ambayo ndiyo msimamizi wa ardhi ya umma kwa mujibu wa Katiba, kisha mhakikishe kila nakala imepigwa muhuri wa kupokelewa. Muhuri huo utawafaa baadaye: kaunti ikinyamaza, mtaweza kuiomba mahakama itoe amri ya kuilazimisha itimize wajibu wake, na mahakama itataka kwanza kujua kama mliwahi kuiomba kaunti yenyewe.

Choo nacho msikisahau. Kaunti ina maafisa wa afya ya umma, nao wanaweza kutoa ilani ya kuondoa kero chini ya Sheria ya Afya ya Umma, Sura ya 242, bila kungoja suala la nani mwenye ardhi liamuliwe. Mara nyingi choo huondoka kabla ya ukuta.

Hayo yote yasipofua dafu, mahakama iko wazi, na hapa ndipo lile swali la mlichopoteza linapokuwa na uzito. Mwenye ploti ambaye lango lake limezibwa, au ambaye gari lililokuwa likifika nyumbani sasa halifiki, amepata hasara yake mwenyewe, tofauti na ya wapita njia wengine, na anaweza kushtaki kwa jina lake akidai zuio, ukuta kuondolewa, na fidia. Ambaye hasara yake ni ile ya mtaa mzima alikuwa zamani na kazi ngumu, kwa sababu kifungu cha 61 cha Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai kilimtaka apate kwanza idhini ya maandishi ya Mwanasheria Mkuu, na mtu mmoja hakutosha, walitakiwa wawili au zaidi. Katiba ya 2010 imerahisisha mambo: Ibara ya 22 na ya 258 zinamruhusu mtu kwenda mahakamani kwa maslahi ya umma, na Ibara ya 70, kwa yale yanayohusu mazingira safi, inasema mlalamishi hahitaji kuonyesha kwamba yeye mwenyewe amepata hasara au madhara. Kwa ushauri wangu, shtakini pamoja, mkimtanguliza yule ambaye lango lake limezibwa kabisa, na kaunti iwe miongoni mwa wadaiwa.

Mashauri ya ardhi yenye thamani isiyozidi shilingi milioni 20 yanaweza kusikilizwa na hakimu mkuu, ambako gharama ni nafuu kidogo. Yanayozidi hapo, na maombi ya kikatiba, yapelekeni Mahakama ya Mazingira na Ardhi, iliyo na kituo Mombasa. Mkitaka zuio la muda ili ujenzi usimame wakati kesi inaendelea, mtapimwa kwa vigezo vinavyofuatwa tangu kesi ya Giella dhidi ya Cassman Brown ya mwaka 1973: kwamba mna hoja yenye kuelekea kushinda, kwamba hasara mtakayopata hailipiki kwa fedha, na iwapo mahakama bado ina shaka, itazame ni nani ataumia zaidi. Picha zenye tarehe, za boza likirudi na za mgonjwa akibebwa kwa machela hadi barabarani, zina nguvu zaidi kuliko kurasa kumi za malalamiko.

Labda jirani yenu atatoa hatimiliki siku ya kesi. Msikate tamaa. Tarehe 21 Aprili 2023 Mahakama ya Juu iliamua shauri la kampuni ya Dina Management dhidi ya Serikali ya Kaunti ya Mombasa, kuhusu ploti ya ufukweni Nyali ambayo iligawiwa kwa mara ya kwanza mwaka 1989, ikauzwa, na mwaka 2017 kaunti ikabomoa ukuta wake ili kufungua njia ya kwenda pwani. Mnunuzi alisema kwamba alinunua kwa nia njema na hati anayo. Mahakama ilikataa: eneo hilo lilikuwa limetengwa kuwa la wazi, ugawaji wa mwanzo haukufuata utaratibu, na hati iliyotokana na ugawaji mbovu haipati ulinzi wa Katiba, kwani Ibara ya 40(6) haimlindi aliyepata mali kinyume cha sheria. Kwa watu wa Pwani, ambako njia za kwenda baharini zimezibwa moja baada ya nyingine, sijui hukumu nyingine ya miaka hii yenye faida kama hii.

Jambo la mwisho kwenu ni la kujizuia. Msiubomoe ukuta kwa mikono yenu, hata mkiwa na ramani mkononi. Kuharibu mali ya mtu kwa makusudi ni kosa la jinai, na mtakuwa mmempa jirani yenu kesi ambayo hakuwa nayo. Iwapo ada za wakili zinawashinda, ulizeni katika Huduma ya Kitaifa ya Msaada wa Kisheria, iliyoanzishwa kwa sheria ya 2016, au katika shirika la Kituo Cha Sheria, lenye ofisi Mombasa.

SWALI: Tunaishi Kaunti ya Kilifi katika ardhi ambayo babu zetu walizikwa, lakini serikali inasema ni yake na sisi ni maskwota. Mwaka jana jirani, ambaye naye ni skwota kama mimi, alisogeza ua wake na kuchukua sehemu ya minazi niliyoipanda mwenyewe. Nilipokwenda kwa chifu, jirani alicheka akasema: "Wewe huna hati, mimi sina hati, utanishtaki kwa kipi?" Pia tunasikia kwamba mradi wa makazi unakuja na watu watapimiwa. — Msomaji, Kilifi

JIBU: Ndugu yangu, kicheko cha jirani yako kimejengwa juu ya dhana kwamba asiye na hati hana chochote. Sheria haiko hivyo. Yule anayeishikilia ardhi kwa amani ana haki ya kuendelea kuishikilia dhidi ya kila mtu, isipokuwa mwenye haki bora kuliko yake, na jirani yako hana haki bora. Anayo haki duni zaidi, kwa kuwa wewe ulitangulia kwenye hiyo minazi.

Kanuni hii ni ya kale. Nchini Uingereza mwaka 1865, katika kesi ya Asher dhidi ya Whitlock, mahakama iliamua kuhusu kipande cha ardhi ambacho mtu alikuwa amejizungushia tu kutoka katika eneo lisilolimwa la bwana mwenye ardhi, bila ruhusa wala karatasi. Alipokufa, warithi wake walishinda dhidi ya mtu mwingine aliyekuwa amekikalia, ingawa marehemu mwenyewe angeweza kuondolewa na mwenye ardhi siku yoyote. Kanuni za Kiingereza zilizokuwepo kufikia tarehe 12 Agosti 1897 ziliingizwa katika sheria za Kenya na Sheria ya Mahakama, kwa kadiri zinavyofaa mazingira ya nchi. Mahakimu wetu hawalingani katika kuitumia: wapo wanaomlinda aliyetangulia kukalia, na wapo wanaosema kwamba mahakama haiwezi kuwaamulia wavamizi wawili ardhi isiyo ya mmoja wao, hasa kwa vile Sheria ya Ardhi, kama ilivyorekebishwa mwaka 2016, inakataza katika kifungu cha 152A kukalia ardhi ya umma kinyume cha sheria. Kwa hiyo usidai umiliki katika hati yako ya madai. Dai ukaliaji wako ulindwe, na udai minazi, kwa sababu minazi uliipanda wewe na una mashahidi.

Hata hivyo, sikushauri uanze na mahakama. Kesi hiyo itaiingiza serikali, ambayo ndiyo mwenye ardhi, na wakili wa serikali akishafika hatazungumza juu ya minazi yako pekee. Afadhali mrudi kwa chifu mkiwa na wazee wa pande zote mbili, mpaka uonyeshwe kwa miguu, alama zipandwe mbele ya mashahidi, na mukhtasari uandikwe na kutiwa saini na kila aliyekuwepo. Ibara ya 159 ya Katiba inazitaka mahakama ziendeleze njia kama hizi za usuluhishi, na makubaliano yaliyoandikwa vizuri ni ushahidi mzito baadaye.

Baadaye hiyo ni huo mradi wa makazi. Chini ya kifungu cha 134 cha Sheria ya Ardhi, watakaopewa ardhi hutambuliwa na kuthibitishwa na kamati ya kaunti ndogo, na wanaohesabu watu hutazama ni nani anakaa wapi na analima wapi. Mwenye kusogeza ua mwezi mmoja kabla ya wapimaji kufika anajua anachokifanya. Kwa hiyo andika barua kwa ofisi ya ardhi na kwa kamati hiyo mapema, ukiambatanisha mukhtasari, picha za minazi na majina ya mashahidi, ili kipande hicho kisipimwe kwa jina lake kimyakimya. Mradi ukishatoa hati, kuirudisha nyuma ni kazi ya miaka.

Na iwapo mtaondolewa nyote wawili, mjue kwamba kukosa hati hakuwaachi uchi. Katika shauri la Mitu-Bell, lililohusu wakazi waliobomolewa karibu na uwanja wa ndege wa Wilson jijini Nairobi mwaka 2011, Mahakama ya Juu ilisema Januari 2021 kwamba wasio na ardhi walioweka makazi juu ya ardhi ya umma hawapati umiliki wake, lakini wanapata haki ya makazi inayoweza kulindwa na mahakama. Kifungu cha 152C nacho kinataka ilani ya angalau miezi mitatu, kwa maandishi, katika Gazeti Rasmi, katika gazeti linalosomwa nchi nzima, na redioni kwa lugha ya wenyeji.

Kuhusu neno skwota juu ya kaburi la babu yako, uchungu wako nauelewa. Sheria ya Hati za Ardhi ya 1908 iliwataka watu wa ukanda wa Pwani waandikishe madai yao, na ardhi ambayo haikudaiwa ikahesabiwa kuwa ya Taji la Uingereza. Wengi hawakujua hata kwamba kulikuwa na la kuandikisha. Dai hilo ni lako na la jirani yako kwa pamoja, tena ni dhidi ya serikali. Msiliharibu kwa kugombania mstari wa minazi.

SWALI: Naishi Mathare, Nairobi, karibu na mto. Jirani amejaza mawe na udongo hadi ndani ya mto na kujenga vyumba vya kupangisha, na mvua ikinyesha maji yanaingia kwangu. Nilalamike wapi? — Msomaji, Mathare

JIBU: Lalamika kwa Mamlaka ya Kitaifa ya Usimamizi wa Mazingira, ambayo kwa kifungu cha 108 cha Sheria ya Usimamizi na Uratibu wa Mazingira ya 1999 inaweza kumwamuru mtu aliyeharibu mahali aparudishe kama palivyokuwa. Kwa kuwa maji yanaingia nyumbani kwako, hasara ni yako mwenyewe na unaweza pia kumshtaki jirani kwa kero bila kungoja Mamlaka. Piga picha kila mvua inaponyesha, na uandike kiasi cha mali iliyoharibika.

Ila kabla hujapeleka barua, jipime wewe mwenyewe. Kanuni za ukingo wa mto zinataka nafasi ya kati ya mita 6 na 30 iachwe wazi, ikipimwa kutoka pale maji yanapofikia yakijaa kabisa, na baada ya mafuriko ya Aprili na Mei 2024 serikali iliagiza watu waondoke ndani ya mita 30 na kubomoa nyumba nyingi, Mathare ikiwemo. Afisa atakayekuja na utepe kupima vyumba vya jirani hataukunja akifika mlangoni pako. Ukiwa ndani ya eneo hilo, mshauri mzuri kwako ni wakili wa msaada wa kisheria kabla ya Mamlaka, na lengo lako la kwanza liwe kuiondoa ile mijazo ya mawe inayosukuma maji, jambo ambalo jirani anaweza kukubali kulifanya mbele ya chifu ili naye asipoteze vyumba vyote.